Ndugu amegongwa akafa: namna ya kufuata fidia Lubumbashi, tangu siku ya kilio hadi siku ya malipo

Siku ya pili ya kilio cha shemeji yangu, wanaume wawili waliingia uani kwetu Katuba. Waliwasalimia wazee kwa heshima, wakashusha mifuko minne ya unga na katoni mbili za mafuta, kisha wakaomba kumwona mjane. Dada yangu mdogo alikuwa kwenye mkeka, kitambaa kichwani, hajatia kitu kinywani tangu jana yake. Wakampa bahasha ya kaki yenye dola 600. Karatasi ilikosa mahali pagumu pa kuandikia, wakaiweka juu ya Biblia ya mama mmoja wa kanisa, wakamwonyesha kwa kidole: hapa, mama. Ilikuwa na mistari mitatu ya Kifaransa. Akatia sahihi. Mjomba akatia dole gumba kama shahidi, na wino wa buluu ulibaki kwenye ukucha wake hadi siku ya kuondoa kilio.

Mstari wa tatu ulisema kwamba anaacha madai yote, ya sasa na ya baadaye, juu ya mwenye kamio (lori lililomgonga) na bima yake.

Tulikuja kuuelewa miezi miwili baadaye, avoka (wakili) alipotusomea pole pole. Tangu hapo nimesaidia familia nyingine mbili kushika dosie (faili ya kesi) ya namna hiyo, moja ya barabara ya Likasi, nyingine ya mjini. Nilichojifunza ni hiki: mahakamani fidia inachelewa, lakini kilioni ndiko inakopotea. Inapotea katika zile siku tatu nne ambazo akili za watu zote ziko kwenye jeneza, ilhali mwenye gari amekwisha kuongea na watu wake wa sheria. Ndiyo maana nitakaa sana kwenye siku za mwanzo.

Haki inatoka wapi

Ujue tangu sasa kwamba humwombi mtu huruma. Code civil livre III, sheria ya mwaka 1888 ambayo mahakama zetu bado zinaitumia, inasema kwenye kifungu cha 258 kwamba mtu akimletea mwenzake hasara kwa kosa lake, analazimika kuilipa. Kifungu cha 259 kinaongeza uzembe na kukosa uangalifu. Cha 260 kinamfikia bosi: mfanyakazi wake akileta hasara akiwa kwenye kazi aliyopewa, bosi naye anadaiwa. Upande wa jinai, Code pénal kwenye vifungu vya 52 na 53 inaita kifo cha namna hii kuua bila kukusudia. Na sheria ya bima inalazimisha kila gari liwe na bima ya kulipa watu wengine litakaowaumiza. Kwa hiyo wanaodaiwa ni watatu: shoferi, mwenye gari, na bima. Shoferi mara nyingi hana kitu. Wawili wa nyuma ndio wenye uwezo wa kulipa, na ndio wanaotaka kusahaulika.

Barabarani, kabla gari halijaondoka

Kama mtu wa familia amefika mahali pa ajali, awe na kazi moja tu: kukusanya. Piga picha namba ya gari. Kama ni kamio la trela, piga namba ya kichwa na namba ya trela, kwa kuwa mara nyingi ni vitu viwili vyenye wenyewe wawili na bima mbili. Sisi tulikuwa na namba ya trela peke yake. Tulipoteza wiki tatu tukimfuata mtu ambaye hakuwa hata na shoferi siku ile.

Halafu sogea kwenye kioo cha mbele. Ile karatasi ndogo iliyobandikwa pale ni attestation d'assurance: ina jina la kampuni ya bima, namba ya mkataba, tarehe ya kuanza na ya kuisha. Picha moja safi ya karatasi hiyo ina thamani kuliko mashahidi kumi. Nimewahi kuona gari likifika kituo cha polisi kioo kikiwa kitupu, gundi imebaki.

Wale vijana wanaotaka kuchoma gari, jaribuni kuwazuia kwa upole. Najua hasira hiyo, mimi mwenyewe nimeisikia kifuani. Lakini kamio likiungua, karatasi ya bima inaungua pamoja na kioo, alama za breki zinafunikwa na majivu, na kesho mwenye kamio anakuja mahakamani akiwa yeye ndiye mdai.

Barabara ya Kasumbalesa ina jambo lake. Kuanzia mjini hadi mpakani ni kama kilomita 90, na kamio la Zambia au la Tanzania likivuka limekwenda. Gari la nje linalotoka nchi za mpango wa COMESA linatakiwa kuwa na Carte Jaune, bima ya safari inayofanya kazi katika nchi wanachama, na Congo ni mmojawapo. Piga picha ya kadi hiyo, andika namba yake, jina la kampuni iliyoitoa na nchi yake. Utaratibu wa kadi hiyo ni kwamba dai linapokelewa na ofisi ya kitaifa ya Carte Jaune ya nchi ajali ilipotokea, tena kwa sheria ya nchi hiyo. Haikulazimu kupanda basi kwenda Ndola wala Dar es Salaam kudai. Lakini bila namba ya kadi utahangaika sana.

Tafuta pia mashahidi wawili, nao wawe watu wanaoshinda pale kila siku: mama anayeuza makala (makaa) kando ya lami, kijana wa kubadilisha pneu (tairi). Abiria wa basi wanatawanyika saa ileile. Chukua jina, namba ya simu, na mahali anapokaa.

Polisi, hospitali na kaburi

Polisi wa barabarani, wale tunaowaita roulage, wanapaswa kupima, kuchora mahali pa ajali na kuandika PV de constat, yaani maandishi rasmi ya walichokiona. Mchoro unaitwa croquis. Dosie yote itasimama juu ya karatasi hizo mbili. Uliza jina la OPJ (ofisa wa polisi wa upelelezi) aliyeandika, kituo chake, tarehe na namba ya PV. Kama mnaona kitu kimeachwa, mathalani kwamba gari lilikuwa likipita lingine kwenye kona, shahidi aende aandikishwe PV yake siku hizohizo. Maneno yaliyoandikwa siku ya tatu yana nguvu. Ya mwezi wa sita yanachekwa.

Gari lenyewe likishikwa na polisi, fuatilieni liko wapi. Mwenye gari anapoteza makuta (pesa) kila siku linapolala pale, na ndiyo maana anakuja kwenu haraka na unga. Hamna mamlaka ya kulizuia, lakini mnaweza kumwandikia magistra wa parke (ofisi ya mwendesha mashtaka) kumwomba asiliachie kabla halijakaguliwa na kabla karatasi zake za bima hazijawekwa kwenye dosie.

Hospitali, iwe Sendwe, Cliniques Universitaires au kituo cha mtaa, tunzeni kila risiti: dawa, picha, damu, gari la kumbeba, siku za morgue (chumba cha maiti). Hata ile ya glavu. Halafu someni cheti cha kifo alichoandika daktari kabla hamjatoka mlangoni. Nimeshika cheti kilichosema «arrêt cardiaque» tu, moyo umesimama. Kila anayekufa moyo wake umesimama! Bima ikaandika kwamba haioni uhusiano na ajali. Mwombeni daktari kwa adabu aandike majeraha yenyewe na kwamba yametokana na ajali ya barabarani.

Hapo kuna shimo linalowameza wengi. Ndugu akifa siku ya tano au ya ishirini kitandani, polisi kule bado wana dosie ya mtu aliyeumia. Hakuna atakayewapelekea habari. Nendeni ninyi na cheti, mwambieni OPJ au magistra kwamba mgonjwa amefariki, mwombe aandike hivyo kwenye dosie. La sivyo mtafika mahakamani kulia mfu huku karatasi zinasema amevunjika mguu.

Kifo cha ajali hakizikwi kama kifo cha homa. Mwili unapaswa kuonwa na daktari aliyeitwa na polisi kwa karatasi ya réquisition, na ruhusa ya kuzika itoke baada ya hapo. Wazee watasema mnachelewesha maziko. Wavumilieni, siku moja inatosha.

Bahasha ya kilioni

Sisemi mkatae msaada. Jeneza lina bei, watu wanakula, na mwenye gari aliyekuja kulia nanyi huenda analia kweli. Pokeeni. Ila mjane asitie sahihi kitu chochote, wala wazazi wa marehemu. Chagueni mtu mmoja asiye mjane, anayejua kusoma Kifaransa, na waambieni wageni wote kwamba karatasi zinaongelewa naye, nje ya ua. Sisi sasa tunafanya hivyo hata kwa vifo vingine.

Risiti ya msaada iandikwe nanyi wenyewe, kwa nakala mbili. Iseme hivi: leo tarehe fulani, familia ya marehemu fulani imepokea kwa bwana fulani, mwenye gari namba fulani, kiasi fulani kwa ajili ya maziko, kiasi hiki si fidia na hakifungi kesi yoyote. Kwa Kifaransa, kwa kuwa ndiyo lugha itakayosomwa: «Somme reçue à titre d'assistance pour les obsèques. Elle ne vaut pas indemnisation et ne met fin à aucune action.» Kama anakataa kusaini hiyo na anataka ya kwake tu, mmekwisha kujua alikuja kufanya nini.

Maneno ya kuogopa kwenye karatasi ya watu ni haya: «renonce» (anaacha haki), «désistement» (anaondoa madai), «pour solde de tout compte» (amelipwa yote, hakuna deni tena), «transaction» (mapatano ya kumaliza kesi). Ukiona mojawapo, kunja karatasi, sema itasomwa na avoka, uirudishe keshokutwa. Mtu mwema atangoja.

Na kama sahihi imekwisha kutoka, msikate tamaa. Avoka wetu alisimama na hoja moja: dada yangu alisaini kwa jina lake peke yake, hakusaini kwa niaba ya watoto wanne, na kila mtoto ana haki yake. Watoto walipata. Yeye hakupata hata franga moja, na hadi leo hapendi kuiona ile Biblia.

Jambo jingine linalochanganya watu: makuta aliyolipa shoferi polisi au kwenye parke ni amende (faini), yanaingia serikalini. Akikwambia «nimeshalipa», muulize amemlipa nani. Vilevile mkipatana naye, mapatano yenu hayazuii parke kuendelea na kesi ya jinai. Kifo ni jambo la serikali pia.

Makaratasi ya familia

Baada ya kilio, keti na familia mwandike PV de conseil de famille: nani aliyekufa, ameacha nani, nani anashika dosie. Asiwe lazima mkubwa kwa umri, awe mtu ambaye anaweza kukaa kwenye benchi la ofisi saa nne bila kugombana. Hiyo karatasi inapelekwa tribunal de paix, mahakama inayohusika na mambo ya familia na urithi, ili mshika dosie atambuliwe kama liquidateur (msimamizi wa urithi).

Pamoja nayo mnahitaji acte de décès (hati ya kifo) ya komine (cheti cha daktari ni kitu kingine, hicho ndicho kinachowapa hiyo), acte de mariage (hati ya ndoa), na karatasi za kuzaliwa za watoto. Nendeni état civil (ofisi ya kuandikisha vizazi, ndoa na vifo) mapema. Mkichelewa, mtatumwa mahakamani kutafuta hukumu ya kujaza pengo, na huo ni mwezi mwingine.

Hapa nina neno na wakwe. Code de la famille ya 1987, iliyorekebishwa 2016, imeweka watoto kuwa warithi wa fungu la kwanza, na waliozaliwa nje ya ndoa wamo ikiwa baba aliwatambua alipokuwa hai. Mke au mume aliyebaki, wazazi na ndugu wa marehemu wamo kwenye fungu la pili. Lakini fidia ya ajali haiko yote kwenye kapu la urithi. Uchungu wa mjane ni wa mjane, anaudai kwa jina lake. Mama aliyemzaa marehemu anadai wake. Mtoto wa miaka miwili anadai wake, kupitia anayemlea. Kwa hiyo mwambieni avoka aandike kila mtu kwa jina na kiasi chake. Dosie ikiandikwa «familia ya marehemu» tu, malipo yatashuka kwenye mkono mmoja, na ninyi mnajua mikono ilivyo.

Ndoa iliyofungwa kwa mila peke yake, isiyoandikishwa komine, inampa mjane shida. Tafuteni walioshika mahari, barua ya familia, picha, karatasi ya mtaa. Wakati mnahangaika na hilo, dosie ya watoto iendelee, isingojee.

Kwenda kwa bima

Kwa miaka mingi SONAS, kampuni ya bima ya serikali, ilikuwa peke yake sokoni. Sheria ya bima ya tarehe 17 Machi 2015 ilifungua mlango, na tangu 2019 kuna kampuni nyingine zenye ruhusa. Ndiyo maana ile picha ya kioo ni muhimu: lazima ujue unagonga mlango wa nani. Mwenye gari ndiye anayepaswa kutangaza ajali kwa bima yake, lakini msimtegemee. Andikeni barua yenu: tarehe, mahali, namba za gari, namba ya mkataba, jina la marehemu, namba ya PV, na kwamba familia inadai. Pelekeni nakala mbili, moja wapige muhuri wa kupokea, mrudi nayo nyumbani. Barua isiyo na muhuri ni sawa na hadithi.

Watawaomba vitu kidogo kidogo. Leo acte de décès, wiki ijayo PV, mwezi ujao kitambulisho cha shangazi. Ombeni orodha nzima kwa maandishi mara moja. Na wakisema hawalipi, kwa kuwa shoferi hakuwa na permis (leseni) au mkataba ulikuwa umeisha, jibu hilo nalo mliombe kwa maandishi, kwenye karatasi yenye kichwa cha kampuni. Mara mbili nimeona «hatulipi» ya mdomoni ikigeuka «tutaangalia» pale mtu alipoombwa kuiandika. Wakinyamaza kabisa, kuna ARCA, mamlaka inayosimamia kampuni zote za bima. Iandikieni, mkiambatanisha zile nakala za muhuri.

Kampuni ikitoa pendekezo la malipo, hamlazimiki kulikubali. Lichukueni, mlisome na avoka, mjibu kwa barua. Quittance ya bima (risiti mnayosaini mkipokea malipo) nayo inaweza kubeba yale maneno niliyoyataja.

Parke na mahakama

Dosie ikitoka polisi kwenda parke inapewa namba ya RMP. Iandike namba hiyo mahali ambapo haitapotea, kwa kuwa bila hiyo kila ziara yako inaanza upya. Ikifika mahakamani inapata namba ya RP. Kwa kuwa adhabu ya juu ya kosa hili ni miaka 2, kesi inakwenda tribunal de paix.

Familia inaweza kuingia ndani ya kesi hiyohiyo ya jinai kama partie civile, yaani mnadai fidia mbele ya hakimu yuleyule anayemhukumu shoferi. Ni njia fupi, na mnatumia ushahidi uliotafutwa na serikali. Sharti moja msilikosee: mwenye gari aitwe kama civilement responsable (anayewajibika kulipa kwa kosa la shoferi wake), na bima nayo iitwe. Niliona dosie moja ambapo waliitwa watu wote isipokuwa mwenye gari. Hukumu ilitoka nzuri, imemshinda shoferi peke yake, kijana wa kupanga chumba kimoja Ruashi. Mpaka leo imekaa kwenye folda.

Parke ikilala, kuna citation directe: ninyi wenyewe mnamwita mshitakiwa mahakamani kupitia greffe (ofisi ya karani wa mahakama), mkiweka consignation (amana ya gharama). Na kama shoferi naye alikufa kwenye ajali, kesi ya jinai imekufa naye. Mnakwenda kwa njia ya civil (kesi ya madai) juu ya mwenye gari na bima.

Muda: kesi ya jinai ya namna hii inakufa baada ya miaka 3. Msiseme ni mingi. Hukumu ikisomwa, siku za kukata rufaa ni 10 tu. Awepo mtu wenu mahakamani siku ile ya kusomwa.

Kuhusu avoka: muulize kadi yake ya barreau (chama cha mawakili), mwandikiane makubaliano ya malipo, na kila unachompa akuandikie risiti. Wale wanaowakamata mikono kwenye ngazi za mahakama wakisema «mama, dosie yako naijua» waacheni wapite. Familia isiyo na uwezo iende kwenye barreau iulizie bureau des consultations gratuites (ofisi ya ushauri wa bure), ipo kwa sheria, na ichukue attestation d'indigence (karatasi ya kukosa uwezo) komine ili kuombea msamaha wa gharama za mahakama.

Kuhesabu hasara

Msimwachie hakimu akisie. Hakimu akikosa hesabu anaandika «ex aequo et bono», yaani kwa haki jinsi anavyoona, na kinachotoka ni kidogo. Mpeni namba.

Anzeni na kilichotoka mfukoni: hospitali, morgue, jeneza, gari la maziko, kwa risiti. Halafu kilichokatika. Tuseme marehemu alikuwa akipata dola 300 kwa mwezi, na 200 zilifika nyumbani. Kwa mwaka ni 2,400. Mtoto wa mwisho ana miaka 6. Hadi afike 18 ni miaka 12, hiyo ni dola 28,800. Huenda hakimu asitoe yote, lakini sasa anapunguza kutoka kwenye kitu. Mwisho ni uchungu wa kila mmoja, préjudice moral, mtu kwa mtu.

Kwa mwenye mshahara, leteni bulletin de paie (karatasi ya mshahara). Kwa mfanya biashara wa marché Kenya au wa taksi-moto, watu husema hakuna ushahidi. Upo. Historia ya M-Pesa au Airtel Money kwenye simu yake, kwa hiyo msiitupe laini wala kumpa mtoto achezee. Daftari la likelemba (mchango wa zamu). Risiti za shule alizolipa yeye. Karatasi ya kodi ya meza sokoni. Dada mmoja alileta daftari la mafuta ya pikipiki ya mumewe, kila siku litre na makuta aliyorudi nayo, kwa mwandiko wa mwanaume aliyeishia darasa la nne. Hakimu alilifungua, akasoma kurasa kama tano kimya, akaliomba libaki kwenye dosie.

Mlango unaosahaulika

Kama marehemu alikuwa na kazi ya kuandikwa na ajali ilimpata kazini au akiwa njiani kwenda au kurudi kazini, hiyo ni accident de travail kwa sheria ya tarehe 15 Julai 2016. CNSS, mfuko wa taifa wa hifadhi ya jamii uliochukua nafasi ya INSS, ina malipo kwa wanaobaki na msaada wa maziko. Mwajiri ndiye analipa 1.5% ya mshahara kwa ajili ya hatari hizo, na ndiye anayepaswa kuitangaza ajali. Nendeni ofisini kwake wiki ileile, mwombe nakala ya tangazo. Mlango huu haungojei shoferi apatikane na kosa. Hata gari likikimbia lisijulikane, CNSS inabaki.

Siku ya makuta

Baada ya hukumu kuna gharama bado: nakala ya hukumu yenye nguvu ya kutekelezwa, ile inaitwa grosse, na droit proportionnel ambayo serikali inachukua kwenye kiasi mlichopewa. Ulizeni greffe mapema ni ngapi, msije mkashindwa mlangoni. Huissier (ofisa wa mahakama) ndiye anayeipeleka hukumu kwa mwenye gari na bima.

Malipo yapite benki. Kila aliyetajwa kwenye hukumu apate chake kwa jina lake, na ya watoto iwekwe kwenye akaunti tofauti ambayo haiwezi kutolewa kwa sahihi ya mtu mmoja. Kwetu tuliweka sahihi mbili, ya dada yangu na ya baba mdogo wa watoto, ili upande mmoja usiushuku mwingine. Kila muhula wanakwenda pamoja benki, wanatoa ada ya shule, wanabandika risiti kwenye daftari. Daftari linakaa kwa mtoto mkubwa, ambaye sasa ana miaka 16 na anajua kusoma kila mstari wake.